Aliniambia Bila Mirungi Hakuna Muziki

Alikuwa DJ, prodyuza na mchumba wangu. Mimi nilikuwa mshika daftari lake na, kwa aibu nasema, mbebaji wake. Leo nafunguka.

Mpenzi msomaji, kabla hujanihukumu naomba twende wote Ndungu kwanza, maana wengi wenu mkisikia Upare mnawaza baridi ya milimani na ule ubahili tunaosingiziwa. Ndungu haina baridi. Ni tambarare, chini kabisa ya milima ya Pare Kusini, upande wa mashariki. Ukitoka Same mjini kwa njia ya Kisiwani, milima inakuwa mkono wako wa kulia, nyika ya Mkomazi mkono wa kushoto, vumbi linakufuata mpaka Gonja Maore, halafu mbele kidogo unaanza kuona kijani cha mpunga. Hapo ndipo kwetu.

Mpunga ule unamwagiliwa kwa skimu iliyojengwa kwa msaada wa Wajapani mwishoni mwa miaka ya 1980, na ndio unaoendesha kila kitu, mapenzi yakiwemo. Mavuno yakiwa mazuri, pesa inaonekana. Pesa ikionekana, vijana wanapeleka barua za posa, sendofu zinafuatana na harusi, na hakuna harusi bila muziki. Kwa hiyo ukiwa na spika nne, mashine ya kuchezea CD na jenereta, wewe kwa Ndungu ni mtu mzito.

Huyo mtu mzito ndiye niliyemzimikia mwaka 2009.

Jina lake nalihifadhi. Nilimkuta kwenye sendofu ya binamu yangu, kofia kaigeuza nyuma, headphone sikio moja, anachanganya nyimbo mpaka wazee waliokuja kula pilau tu wakasimama. Mimi nilikuwa nimemaliza cheti cha uhasibu Moshi, nimerudi nyumbani kuwawekea hesabu wafanyabiashara wa mpunga. Alipokuja kuniuliza napenda wimbo gani nikajifanya sisikii. Akarudia. Basi, si unajua tena.

Zaidi ya udijei alikuwa na studio. Usicheke. Ilikuwa chumba kimoja cha tofali za kuchoma, trei za mayai zimegongelewa ukutani kuzuia mwangwi, kompyuta moja yenye Fruity Loops, maiki moja imefungwa soksi kama kichujio. Vijana wa kuanzia Kihurio mpaka Maore walikuja kurekodi pale. Mwaka ule wa kwanza alimaliza nyimbo tisa. Nakumbuka idadi kwa sababu mimi ndiye niliyekuwa nazindika kwenye daftari, kila wimbo na malipo yake.

Jani linaanza kama jembe

Watu wakiongelea muziki na dawa wanaanza na mastaa: fulani kaonekana kakonda, fulani kakamatwa. Mimi nataka nianze chini kabisa, pale ambapo hakuna staa wala kamera, kwa sababu ndipo nilipoona kitu kinavyoingia.

Hakiingii kama starehe. Kinaingia kama kifaa cha kazi.

Fikiria ratiba yake. Sherehe inaanza saa moja jioni na kuisha alfajiri. Anafunga vyombo, anapakia kwenye pikapu, anarudi nyumbani saa moja asubuhi. Mchana kuna msanii anasubiri kurekodi. Halafu mwaka 2011 ukaja na ule mgawo wa umeme ulioikaba nchi nzima. Mchana kutwa hakuna umeme, unarudi usiku wa manane. Sasa prodyuza wa kijijini afanye nini? Anarekodi saa nane ya usiku. Nje kimya, majogoo bado, umeme upo. Tatizo ni usingizi.

Na dawa ya usingizi haikuwa mbali. Mirungi inalimwa huko juu milimani Same, wala si siri. Miaka ya karibuni maofisa wa Mamlaka ya Kudhibiti na Kupambana na Dawa za Kulevya wameipanda milima hiyo tena na tena kung'oa na kuteketeza mashamba, kata ya Tae ikitajwa sana kwenye habari. Kwa jirani zetu Kenya mirungi ni zao halali la biashara. Kwetu Tanzania ni dawa ya kulevya iliyopigwa marufuku, nukta. Uingereza nao waliipiga marufuku mwaka 2014.

Kwa wasioijua: yale majani na vikonyo vyake vichanga vina kemikali inaitwa katinoni, ndugu wa karibu wa amfetamini. Inafukuza usingizi na njaa, inapandisha mapigo ya moyo, inalegeza ulimi. Lakini katinoni haikai. Siku mbili hivi baada ya kukatwa, jani limeshapoteza nguvu. Ndiyo maana mzigo wa mirungi hufungwa kwa majani ya migomba usikauke, na hukimbizwa usiku kama mgonjwa. Biashara nzima ni ya watu wa usiku. Muziki wetu nao ni wa usiku. Wakakutana njiani.

Mara ya kwanza nilipomwona akitafuna, shavu limevimba upande mmoja, Big G imechanganywa humo kukata uchungu, nilimuuliza, "Umeanza lini?"

Akacheka. "Hii siyo kuanza, mama. Hii ni kama wewe na chai ya asubuhi. Muziki wa usiku unataka mtu wa usiku."

Nikaona ana pointi. Kiukweli hata nilimpenda zaidi. Akichana gomba alikuwa mwongeaji, mcheshi, ananipangia maisha mpaka saa kumi: studio ya Same mjini, halafu Dar, nyumba, watoto wawili. Mwanaume anayekuongelesha usiku kucha bila kuchoka, dada gani hapendi?

Pita, dada

Sasa nafika mahali pagumu.

Kuna wiki mletaji wake hakuonekana. Ijumaa anatetemeka, Jumamosi ana harusi kubwa. Mimi nilikuwa napanda mlimani kumsalimia shangazi yangu. Akanibembeleza. Nikasema isiwe tabu, ni majani tu.

Nilishuka na kikapu cha ndizi, na chini ya ndizi bunda la majani ya migomba. Njiani pikipiki yetu ikasimamishwa pamoja na nyingine iliyokuwa nyuma. Kijana wa nyuma akakaguliwa mpaka soksi. Mimi nikatazamwa, kanga mbili, uso wa heshima, nikaambiwa, "Pita, dada."

Nilipita. Moyo unadunda kama spika zake. Na jioni ile, alivyonipokea! Aliniita malkia mbele ya washkaji zake. Nikajisikia mtu muhimu kwenye muziki wake. Nilirudia safari hiyo mara nne zaidi.

Nasema haya kwa sababu kila tunapozungumzia wasanii na dawa tunatafuta muuzaji wa kumlaumu, na muuzaji yupo kweli. Lakini katikati yake na msanii kuna mnyororo wa watu wazuri tu. Promota anayepanga onyesho lianze saa saba ya usiku na kumlipa msanii nusu pesa, nusu vinywaji. Shabiki anayemtumia DJ "kitu kidogo" jukwaani kama zawadi. Rafiki anayesema, "Mwache, wasanii ndivyo walivyo." Na mchumba mwenye kikapu cha ndizi. Ningemkataza kwa maneno huku mikono yangu inampelekea, angenisikia vipi?

Daftari halidanganyi

Gomba lina mtego wake. Likishakuweka macho usiku kucha, asubuhi huwezi kulala. Mwili umechoka, macho yamekauka, akili inakimbia. Kwa hiyo washkaji walikuwa na dawa ya kuizima dawa: viroba. Wa rika langu mnavikumbuka vile vipakiti vya pombe kali, kabla serikali haijavipiga marufuku tarehe 1 Machi 2017. Asubuhi viroba viwili vitatu alale, jioni mirungi aamke. Ukijumlisha, siku nzima ya huyu mtu inaendeshwa na vitu vya kununua.

Mimi ni mhasibu, na ni Mpare. Mwisho wa mwaka 2011 nikakaa na daftari.

Sherehe 38. Wastani wa malipo shilingi 70,000. Jumla 2,660,000. Mafuta ya jenereta 570,000. Halafu nikafika kwenye mstari niliokuwa nauandika "matumizi ya kazi" kwa kuona aibu: mirungi, Big G, soda, viroba. Shilingi 24,000 kwa kila sherehe, yake na ya vijana wake wawili. Jumla 912,000. Na hapo sijahesabu siku za studio.

Lakini hesabu iliyonikata maini haikuwa ya pesa. Mwaka 2009, nyimbo tisa zilizokamilika. Mwaka 2011, biti 41 zilizoanzwa, nyimbo mbili zilizokamilika.

Nilimwonyesha. Akaniangalia kama nimemtukana mama yake. "Wewe unahesabu nyimbo kama magunia ya mpunga? Sikiliza hii." Akanifungulia kitu alichotengeneza usiku ule, akaniambia ni cha kimataifa, kwamba Bongo nzima haijawahi kusikia biti kama hiyo. Ilikuwa dakika kumi na moja. Ngoma moja inajirudia, kinanda kimoja kinajirudia, na yeye anatikisa kichwa macho yamemtoka.

Hapo ndipo nilipoelewa kitu ambacho sijasikia mtu akikisema wazi. Mirungi ilikuwa inamwongezea muda wa kukaa kwenye kiti, lakini haikuwa inamwongezea sikio. Ilikuwa inamwongezea uhakika. Alikuwa na uhakika wa saa kumi usiku juu ya kitu ambacho saa sita mchana kingemchekesha mwenyewe. Tatizo ni kwamba saa sita mchana alikuwa amelala kwa viroba, hakuwahi kukisikiliza.

Nikamwambia, "Apumzike huyo DJ, arudi yule wa trei za mayai."

Akajibu kwa sauti ya chini, "Bila mirungi hakuna muziki. Unataka nife njaa?"

Kibubu

Mwaka 2012 tulikuwa tumeshapanga mahari. Wazee walikuwa wamekaa, mbuzi wametajwa, blanketi la bibi limetajwa, dengelua imenywewa. Pesa ya mahari tulikuwa tunaweka wote wawili kwenye kibubu kilichokaa chumbani kwake, kwa sababu nilitaka ajisikie mwanaume. Tulikuwa tumefikisha kama laki sita.

Agosti nilikuta kibubu kimepasuliwa na kugundishwa tena kwa gundi ya mbao. Kilikuwa kizito bado. Alikuwa amejaza mawe.

Bwana wee, nililia. Siyo pesa. Ni yale mawe. Mtu alikaa akachagua mawe yanayolingana uzito na pesa ili nisijue. Yule niliyempenda asingefanya hivyo. Na aliyefanya hivyo hakuwa jambazi, wala hakuwa mlevi wa kuanguka mtaroni. Alikuwa mtu wa majani tu, ambaye kila mtu alisema ni kitu kidogo.

Mama yangu alinisikiliza mpaka mwisho, akaniambia, "Mwanangu, mtu asiyelala haoti. Huyo ndoto zako anaziota lini?"

Nilirudisha pete. Sikumtangaza. Mwezi uliofuata aliuza spika mbili akapanda basi la Dar kwenda "kutoka kimuziki". Mimi nikapata kazi Same mjini.

Mwaka wa misiba

Kuanzia hapo nikawa nasoma kila habari ya msanii na dawa kama vile ni barua inayotoka kwake.

Desemba 2012 Ray C, yule aliyetutetemesha kwa "Mapenzi Yangu" na kiuno tulichoambiwa hakina mfupa, alifika Ikulu kumshukuru Rais Kikwete kwa kumsaidia apate matibabu ya uraibu wa heroini. Wengi wetu tulishtuka. Sauti ile? Halafu ukaja mwaka 2013. Tarehe 28 Mei Albert Mangwea, Ngwair wetu wa "Mikasi", alifariki Johannesburg. Maneno yakawa mengi kuhusu chanzo. Mimi si daktari, sitayarudia. Wiki mbili baadaye, tarehe 13 Juni, Langa Kileo alifariki Muhimbili. Huyu ndiye yule kijana wa kundi la Wakilisha, washindi wa Coca-Cola Popstars 2004, na alikuwa amesimama hadharani akieleza jinsi unga ulivyomharibia maisha na jinsi alivyopambana kuuacha. Oktoba 2014 Chidi Benz akakamatwa uwanja wa ndege wa Dar es Salaam akiwa na dawa, akaja kukiri mahakamani na kutozwa faini. Februari 2017 T.I.D akakiri mbele ya vyombo vya habari kwamba alitumia, akaomba radhi.

Angalia vizuri orodha hiyo. Si watu wasiojua kuimba waliotafuta msaada kwenye dawa. Ni vipaji vilivyokuwepo kabla ya dawa. "Mapenzi Yangu" haikuimbwa na heroini. Iliimbwa na msichana mwenye sauti, heroini ikaja baadaye kuidai.

Na hili si la Bongo peke yake. Kule Marekani, mpiga saksofoni Charlie Parker alikuwa fundi kiasi kwamba vijana waliomhusudu walianza kutumia heroini kama yeye, wakidhani ndiyo siri ya vidole vyake. Walipata uraibu wake, vidole vyake hawakuvipata. Mwenyewe alifariki mwaka 1955 akiwa na miaka 34. Afrika Kusini, Brenda Fassie ambaye hakuna harusi ya Ndungu iliyomkosa, aliondoka Mei 2004 na uchunguzi ukakuta kokeini. Kila mahali hadithi ni ileile: sisi mashabiki tunaupenda wimbo, halafu tunaipenda na hadithi ya uwendawazimu wa msanii, mpaka tunaanza kuamini kuwa bila uwendawazimu wimbo usingekuwepo. Na msanii anatusikia. Naye anaamini.

Nisieleweke vibaya: mirungi si heroini. Heroini inaushika mwili kwa namna ambayo kuiacha ghafla ni mateso makubwa, na ndiyo maana Muhimbili ilianza kutoa methadoni mwaka 2011, ikafuata Mwananyamala na Temeke, na baadaye mikoani. Kwa mirungi hakuna methadoni. Mtu anaacha kwa kulala, kula, ushauri na kubadilisha ratiba. Lakini uongo unaoziingiza zote mbili kwenye muziki ni mmoja, na ni ule niliousikia kwenye chumba cha trei za mayai.

CD mbili

Alirudi mwaka 2016. Nilikuwa nimeshaolewa, na mume wangu ndiye aliyeniambia, "Nenda kamwone, usiweke deni moyoni." Namshukuru kwa hilo mpaka leo.

Nilimkuta kwa dada yake, amekonda lakini macho yametulia. Alinisimulia Dar ilivyokuwa. Studio aliyoangukia ilimpa pa kulala bure mradi afanye kazi usiku. Mirungi ya Dar ghali. Kuna usiku mshkaji alimpa kitu kingine cha kuvuta, akamwambia hiki kinatuliza kuliko viroba. "Nilikishika mkononi," akaniambia. "Nikamkumbuka Langa alivyokuwa anaongea. Nikakirudisha. Lakini nilikishika." Kesho yake alimpigia dada yake simu ya nauli.

Kuacha kulimchukua karibu mwaka. Wiki za mwanzo alilala tu, dada yake anamwamsha kula makande. Halafu ikaja huzuni, mambo hayana ladha, muziki hauna ladha. Mara mbili alirudia. Kilichomsaidia ni kitu kidogo ambacho hakuna aliyekifikiria: aliacha sherehe za usiku. Akaanza kurekodi kwaya. Kwaya zinakuja saa nne asubuhi na kuondoka saa kumi jioni, zinalipa kidogo, na hakuna mwanakwaya atakayekuletea bunda chini ya joho.

Nilikuwa nimempelekea CD mbili nilizozihifadhi. Moja ya 2009, moja ya 2011, ile ya "kimataifa". Nikamwomba tusikilize, mchana kweupe, chai mezani.

Ya kwanza alikaa kimya. Ulikuwa wimbo wa kijana mmoja wa Kihurio kuhusu baba yake mvuvi wa bwawa la Kalimawe. Dakika tatu na nusu. Kila chombo kiko mahali pake.

Ya pili ilipofika dakika ya nne aliinua uso. "Bado inaendelea?"

"Bado dakika saba."

Alicheka mpaka akashika tumbo. Halafu akaacha kucheka. "Nilikupigia kelele kwa ajili ya hii."

"Ulinipigia."

"Na mahari nikaila kwa ajili ya hii."

Sikumjibu. Niliwaza kikapu changu cha ndizi. Nikamwambia kuhusu hicho, kwamba nami naomba radhi. Alishangaa, alikuwa hajawahi kukihesabu. Ndivyo tulivyo: anayetubebea tunamwita malkia, anayetukatalia tunamwita adui wa kipaji.

Leo bado anarekodi. Studio yake ina maiki tatu, na ameniruhusu niandike haya ilimradi nisimtaje. Trei za mayai zipo palepale.

Kama mwenzi wako ni mtu wa muziki

Siyo kila msanii anatumia, tusipakane matope. Lakini kama moyo unakusuta, haya ndiyo ninayojua mimi.

1. *Hesabu kazi, usihesabu stimu.* Usibishane naye kama dawa inamsaidia. Muulize amekamilisha nini miezi sita iliyopita. Jibu litamfikia lenyewe.

2. *Mwombe asikilize mchana.* Kilichotengenezwa saa kumi usiku kisikilizwe saa sita mchana, akiwa ameshiba na amelala. Kizuri kitabaki kizuri.

3. *Angalia ratiba kabla ya kuangalia tabia.* Kama kazi yake inamtaka awe macho saa ishirini, ushauri peke yake hautoshi. Kaeni muone ni sherehe zipi ziachwe, zipi zilipwe zaidi.

4. *Usibebe.* Wala usinunue, wala usikopeshe, wala usimdanganyie kwa wazee. Ukibeba mara moja umeshasaini. Na kisheria wewe ndiye uliyekutwa nayo.

5. *Pesa ya pamoja isikae kwa anayetumia.* Si kumdharau, ni kumpunguzia kishawishi. Kibubu changu kilinifundisha.

6. *Tafuta wataalamu mapema.* Hospitali za mikoa zina huduma za afya ya akili, kliniki za methadoni zinawahudumia waraibu wa heroini bila malipo, na Mamlaka ya Kudhibiti na Kupambana na Dawa za Kulevya ina namba ya kupiga bure, 119.

7. *Kuondoka si usaliti.* Nilimpenda na niliondoka. Vyote viwili ni kweli. Kama ningebaki, huenda ningeendelea kupanda mlimani na kikapu.

Mpenzi msomaji, wiki hii ukienda kwenye harusi ukamwona DJ saa tisa ya usiku, shati limelowa, anaendelea kukuchezesha, usimpe "kitu kidogo" cha kumwamsha. Mpelekee sahani ya pilau. Mlipe anachostahili. Na ikiwezekana, mwambie bwana harusi muziki uishe saa sita watu wakalale.